Sura ya Tano: Mashine Iliyokwisha Kukabidhiwa

Jumanne saa mbili ya asubuhi, Onema alikuwa amebakiwa na jalada moja na siku nne.

Mwanzoni majalada yalikuwa kumi na moja, na yote ya aina moja. Watu walishtakiana katika mahakama ya Kindu, wakachoka, wakakubaliana mbele ya jaji, wakatia sahihi, muhuri ukapigwa, kisha pasifanyike kitu. Mengine yalikuwa na miaka miwili kabatini, mengine mitano. Jaji Lukonge, mkuu mpya wa mahakama, aliyefika kutoka Bukavu mwezi wa tano wa mwaka ule wa 1985, alilifungua kabati lile siku yake ya tatu kazini. Akapiga chafya kwa vumbi, akaketi kusoma hadi jioni. Mwezi wa saba ulipoanza akatoa amri.

"Mtu aliyeshindwa kesi anaweza kukataa, namwelewa," alimwambia Onema huku akiupulizia wino ukauke. "Lakini hawa walisema ndiyo kwa kinywa chao wenyewe, mbele yetu. Siku kumi na tano. Kila hukumu ya masikilizano itekelezwe, ao uniandikie jina la anayezuia. Muda unakwisha Jumamosi ya wiki ya pili kutoka hii, saa sita ya mchana."

Onema ndiye aliyekuwa wisie wa mahakama, mtu wa kupeleka barua za wito na kutekeleza hukumu. Alikuwa Mkusu wa upande wa Kibombo, mwenye miaka arobaini na sita, mrefu, na koti lake la abakosti, la kijivu, lilikuwa limepauka mabegani. Baiskeli yake haikuwa na breki. Alisimama kwa kuburuza kiatu. Katika siku kumi na moja alikuwa amerudisha nyumba mbili, shamba la michikichi, cherehani, ukuta uliojengwa mahali pasipo pake, na mambo mengine matano. Watu walimtukana, mmoja alimfungulia mbwa. Alirudi kila mara na karatasi iliyosainiwa.

Jalada la kumi na moja lilionekana rahisi kuliko yote, kwa sababu lilikuwa limekwisha tekelezwa.

Lilihusu wanawake saba wa mtaa wa Mikelenge, wakulima wa mpunga, na mfanyabiashara mmoja, Kasimu Feruzi. Wanawake wale walikuwa wamejipatia mashine ya kukoboa mpunga baada ya misimu mitatu ya kulima pamoja. Hawakuwa na banda la kuiweka. Kasimu, aliyekuwa na depo, ghala kubwa la mizigo, aliwapokelea mashine, akaifungia, halafu akasahau njia ya kuifungulia. Wakamshtaki. Mwaka wa 1981 wakasikilizana mahakamani: yeye atarudisha mashine pamoja na injini na vyombo vyake vyote, wao watafuta mashtaka ya wizi. Wakafuta siku ileile.

Ukurasa wa mwisho ulikuwa hati ya makabidhiano ya mwezi wa tatu 1982. Ilisema mashine imetolewa ikiwa nzima. Palikuwa na sahihi ya wisie aliyemtangulia Onema, sahihi ya Kasimu, na alama ya dole gumba kwa wino wa buluu. Chini yake mtu alikuwa ameandika kwa taipu, na neno la serikali la "raia" mbele ya jina: *Citoyenne Mwanvua, kwa niaba ya wenzake, hajui kuandika.*

Onema alichukua kalamu aandike "limetekelezwa". Kabla hajaandika, mlango uligongwa, na mwanamke wa makamo aliyejifunga kitambaa cheupe kichwani akaingia bila kungoja aitwe.

"Nimesikia jaji mupya ametoa amri," alisema. "Miye ni Mwanvua wa Mikelenge. Nimekuja kuuliza mashini yetu."

Onema aliitazama hati, akamtazama yule mama. Mikono yake ilikuwa na sugu mbili nene, kila kiganja moja, pale ambapo mchi hupita.

"Keti, mama. Ile mashini haiko kwenu?"

"Ingekuwa kwetu ningekuja kufanya nini hapa?"

"Hapa inasemwa uliipokea. Kuna kidole yako."

Mwanvua aliinama juu ya karatasi. Hakupaza sauti. Alitazama alama ile kama mtu anayetazama nguo ya mwingine iliyoanikwa kwenye kamba yake.

"Hii njo kidole ya muntu. Haiko yangu. Miye siwekaka kidole."

"Huwekaka? Unafanya nini basi?"

Alinyoosha mkono, akaichukua kalamu ya Onema bila kuomba, akageuza bahasha kuukuu iliyokuwa mezani. Aliandika kuanzia kulia kwenda kushoto, polepole, kwa herufi za Kiarabu zilizokaa vizuri kwenye mstari.

"Mwanvua binti Saidi," alisoma. "Baba yangu alikuwa anafundisha chuo cha Kurani kule Kasongo. Alitufundisha sisi wote, wanaume na wanawake. Miye naandika barua kwa Kiswahili, nasoma barua. Wenu hapa waliona siandiki Kifaransa, wakasema huyu mama hajui."

Onema alifungua jalada tena, akarudi nyuma hadi kwenye masikilizano yenyewe ya 1981. Chini, baada ya sahihi ya Kasimu, palikuwa na mikwaruzo ambayo yeye mwenyewe, alipopitia jalada wiki iliyopita, aliidhani ni karani akijaribu nibu. Aliiweka bahasha pembeni yake. Zilikuwa alama zilezile, hata ule mkia mrefu wa herufi ya mwisho.

Akatoa kioo cha kukuzia kwenye droo na kuinamia dole gumba la buluu. Katikati ya mistari ya duara palikuwa na mstari mweupe uliokata mshazari, kutoka juu kushoto hadi chini kulia. Kovu.

"Nionyeshe kidole yako, mama."

Mwanvua alionyesha. Ngozi ilikuwa ngumu, ila hapakuwa na kovu.

"Rudi nyumbani," Onema alisema. "Usimwambie muntu kwamba tumesemezana. Nitakuja kwenu."

"Baba Wisie, leo ni Jumanne. Jumamosi mukifunga kabati, karatasi hii itabaki njo ukweli."

"Najua."

Jumatano asubuhi Onema alivuka mto kwa mtumbwi kwenda Alunguli. Lualaba ulikuwa umepungua kwa kiangazi, mchanga umejitokeza katikati, na mpiga kasia alilazimika kuzunguka. Wisie aliyemtangulia aliishi ng'ambo ile tangu astaafu. Tangu majina ya kizungu yapigwe marufuku, karatasi zote zilimwita Citoyen Okito; Alunguli nzima ilimwita Célestin. Ndiye aliyemfundisha Onema kazi, na kumwonyesha namna ya kusimama mlangoni ili mlango usiweze kufungwa.

Walikaa kwenye baraza. Onema alimpa hati. Mzee aliivuta karibu na macho.

"Sahihi ni yangu."

"Ulimwona mama Mwanvua akiweka kidole?"

Célestin aliikunja hati mara mbili, akaikunjua.

"Hapana."

"Uliiona mashini ikitoka?"

"Niliiona mle depo. Niliikagua kipande kwa kipande, kama inavyotakiwa. Mvua ikaanza, ile mvua ya mwezi wa tatu. Kasimu akasema, wamama watakuja kesho na watu wa kubeba, wewe tia sahihi yako, miye nitamalizia na wao. Nilikuwa na safari ya Kalima kesho yake. Nikatia."

"Karatasi ilikuwa imeandikwa?"

"Ilikuwa tupu, Onema. Unataka niseme tena? Ilikuwa tupu."

Kuku walipita kati ya miguu yao. Onema alitoa daftari.

"Ulikagua kipande kwa kipande. Uliandika wapi?"

Mzee aliinuka, akaingia ndani, akakaa humo muda mrefu. Alirudi na vitabu vidogo vitano vilivyofungwa kwa uzi wa katani, akachagua kimoja. Hakikuwa na siri. Kilikuwa na kazi ya kila siku kwa mwandiko mdogo. *Injini ya kijani, namba 4471. Mguu wa nyuma wa kushoto ulivunjika ulipokuwa unashushwa kwenye gari-moshi, umeungwa kwa shaba na fundi. Mkanda wa ngozi, mpya. Sahani la kupokelea mchele, limepinda.*

"Namba mtu anaweza kuifuta kwa tupa," Célestin alisema. "Mguu hawezi."

Onema alinakili yote. Alipomaliza, mzee bado alikuwa amesimama.

"Utaniandika?"

"Jaji ameagiza niandike aliyezuia. Nitaandika ulivyofanya na ulivyosema leo, yote mawili."

"Andika," Célestin alisema, akamwachia kile kitabu. "Chukua hiki. Nakala yako wataibishia. Mwandiko wangu wa miaka ile hawawezi."

Mchana uleule Onema aliburuza kiatu mbele ya duka la Kasimu Feruzi, mtaa wa Kasuku. Kasimu alikuwa mnene wa wastani, mwenye sauti laini, beji ya Chama tawala kifuani na tasbihi mkononi. Aliagiza chai kabla mgeni hajakaa.

"Mashini?" alisema. "Citoyen Onema, ile mambo ilikwisha. Nilikabidhi, wisie akatia sahihi, mama akaweka kidole. Wewe unayo karatasi."

"Ninayo. Jaji anataka nione mashini yenyewe, halafu nifunge jalada."

"Ah." Kasimu alitikisa kichwa kwa masikitiko. "Wamama hawakukuambia? Waliiuza. Kwa watu wa dhahabu, kule Kama. Injini wanaitumia kusaga mawe. Miye niliumia, lakini ilikuwa mali yao."

"Nani aliinunua?"

"Muntu mumoja wa Pangi, jina limenitoka. Ukifika Kama utaulizia tu, injini hazijifichi." Alimimina chai ya pili. "Na tena kesho asubuhi lori langu linakwenda kule. Nitakupa nafasi mbele, na dereva. Hutalipa kitu."

Onema alikunywa. Alihesabu njia kichwani: kwenda siku mbili barabara ikiwa nzuri, kuuliza siku moja, kurudi siku mbili. Angekuwa vichakani Jumamosi saa sita, na jalada lingefungwa kwa karatasi iliyomo ndani yake.

"Asante sana, Citoyen Kasimu. Ni wema mkubwa. Lori linaondoka saa ngapi?"

"Saa kumi na mbili kamili."

"Nitaangalia."

Alipotoka alipita kando ya magunia ya mchele yaliyofunguliwa midomo, yaliyokuwa yakisubiri wateja. Alichota konzi moja.

"Mchele mweupe huu. Msimu huu?"

"Msimu huu huu. Wamama wa vijijini wanatwanga, miye nanunua."

"Nitampelekea mke wangu auone," Onema alisema, akaufunga ndani ya karatasi, na Kasimu akacheka akamwongezea konzi ya pili.

Alhamisi saa kumi na mbili lori liliondoka bila yeye. Saa moja alikuwa Mikelenge, na sauti ya michi ilimpokea kabla hajaziona nyumba. Wanawake wanne walikuwa wakitwanga uani kwa Mwanvua. Mmoja wao, Euphrasie, Mkristo wa Kibombo aliyeolewa pale, ndiye waliyemwita kila walipotaka kujua mchele wa mtu umetoka wapi. Onema hakusema ni wa nani. Aliumwaga kwenye ungo wake.

Euphrasie aliupepeta mara mbili, akauinamisha upande wa jua, akachagua punje kumi akazipanga kiganjani.

"Huu haukuona kinu," alisema.

"Unajuaje?"

"Tazama wetu." Alichukua punje kutoka kwenye kinu cha mwenzake. "Ngozi nyekundu inabaki kwenye mgongo wa punje, utatwanga hadi jua lizame haitatoka yote. Huu umenyolewa. Na hizi zimevunjika kichwa, kisu cha ndani kimekaribiana na chuma kinachozunguka. Mashini imeufanya, na fundi wake hajui kuifunga."

"Mpunga wa zamani ao wa sasa?"

Aliuma punje moja. "Wa sasa. Haujakauka vizuri bado."

Mwanvua, aliyekuwa amesimama nyuma, aliweka mchi chini. "Mjini kuna mashini mbili," alisema. "Moja imekufa tangu Pasaka, vyuma vyake viko nje vinaota kutu. Ya pili ni ya masista, inafanya kazi ya wagonjwa wao peke yake."

"Basi kuna ya tatu," Onema alisema. "Na haiko Kama."

Ilibaki kujua iko wapi. Kindu si mji mdogo, na injini ya mazuti, yaani dizeli, ina kelele, ila miaka mitatu hakuna mtu aliyekuwa ameisikia. Onema aliwauliza wale wanawake jambo moja ambalo, kwa aibu yake, hakuwahi kulifikiria maishani: mpunga ukikobolewa, maganda huenda wapi?

Euphrasie alimtazama kama anavyotazamwa mtu asiyepika. "Pumba? Ya kinu tunawapa kuku, na nyingine inaoza. Ni magamba makubwa, unayaona. Ya mashini ni laini kama vumbi. Hiyo inatakwa na watu wa matofali. Wanachanganya na udongo, wanachomea."

Ulikuwa mwezi wa matofali. Matanuri yalikuwa yakitoa moshi kando ya kijito chote cha chini ya mtaa. Onema aliyapita moja moja akiisukuma baiskeli. Kwenye tanuri la kwanza pumba ilikuwa magamba. La pili halikutumia pumba. La tatu, hivyohivyo. Kwenye la sita alitia mkono ndani ya gunia, na mkono ukatoka umepakwa unga wa rangi ya majani makavu.

Mwenye tanuri aliitwa Abedi, mtu mwenye maneno machache na matope hadi magotini.

"Pumba hii unaitoa wapi?"

"Inaletwa."

"Na nani?"

Abedi aliitazama abakosti, akatazama mkoba wa mahakama. "Nina kosa?"

"Huna. Ninaye mwingine."

"Hamisi. Yule wa kwa Kasimu. Anakuja na mukokoteni, kila Jumamosi."

"Saa ngapi?"

"Mchana, salongo ikiisha."

"Kila Jumamosi salongo ikiisha. Haiji siku nyingine?"

"Hapana." Abedi alifikiri, akaongeza, kwa kuwa ni mtu aliyeujua moto. "Na inafika iko vuguvugu. Ukitia mukono unasikia."

Onema alisimama pale kwa muda, akiandika. Pumba huwa na moto inapotoka kwenye chuma, na kwenye gunia haikai na moto wake zaidi ya saa moja au mbili. Kwa hiyo mpunga ulikobolewa Jumamosi asubuhi, mahali ambapo mkokoteni ungeweza kufika kwa muda mfupi. Na Jumamosi asubuhi watu wote wa Mikelenge walikuwa barabarani na majembe, wakifanya salongo, kazi ya lazima ya kusafisha mji, huku kipaza sauti cha Chama kikipiga nyimbo mbele ya ofisi ya serikali ya zoni tangu saa moja hadi saa nne na nusu. Injini kumi zingeweza kunguruma na hakuna ambaye angeinua kichwa.

"Anatokea upande gani?"

Abedi alinyoosha kidole chenye matope kuelekea juu ya kijito, palipokuwa na bati refu lililoliwa na kutu. Lilikuwa banda la zamani la pamba. Wenyewe walikuwa wageni, na mali za wageni zilipogawiwa miaka kumi na zaidi iliyopita, banda lilimwangukia Kasimu Feruzi. Onema hakulikaribia. Alilizunguka kwa mbali, akaona kufuli mpya kwenye mlango wa zamani, doa jeusi la mafuta chini ya ukuta, na shimo la bomba lenye masizi mabichi.

Ijumaa saa tatu alikuwa mbele ya Jaji Lukonge. Aliweka mezani vitu vinne: bahasha yenye jina la Mwanvua, kitabu cha Célestin, mchele wa Kasimu, na kipande cha gazeti chenye pumba. Alieleza kila kimoja. Jaji hakumkatiza.

"Unataka nini?"

"Ruhusa ya kuvunja kufuli, kesho asubuhi, nikiwa na askari majandarma wawili na mashahidi wawili."

Lukonge alivua miwani. "Citoyen Kasimu anaketi safu ya mbele siku za Chama. Unajua mimi naketi safu ya ngapi?"

"Hapana."

"Ya pili. Natazama kisogo chake." Aliichezea pumba kwa ncha ya kalamu. "Ukivunja ukakuta pamba?"

"Utaniandikia kosa, nami nitalipokea."

"Na mimi?"

"Wewe ulisema kila hukumu itekelezwe, ao nikupe jina. Jina nimekupa. Nikilifunga jalada hili kesho saa sita, amri yako itakuwa imefunga mlango juu ya wizi, kwa muhuri."

Nje karani alikuwa akipiga taipu, herufi moja moja. Hatimaye Lukonge alivuta karatasi, akaandika mistari sita kwa mkono wake, bila kumwita karani.

"Sikuitoa ile amri kwa ajili ya majirani waliogombania ukuta peke yao," alisema. "Nenda mchana mweupe. Usiguse kitu kisichoandikwa."

Jumamosi saa tatu na robo kipaza sauti kilikuwa kikiimba. Onema alipanda kijito na majandarma wawili, na nyuma yao Abedi na Euphrasie, waliokubali kuwa mashahidi. Mwanvua na wenzake watano walikuwa wamepangiwa na mkubwa wa salongo kufyeka ukingo wa barabara ile ya banda. Walikuwa pale na mapanga yao, wakifyeka bila haraka.

Karibu na ukuta sauti ya nyimbo ilikuwa na kitu kingine chini yake, mdundo mzito uliokuwa ukitoka ardhini. Kufuli haikuwapo, mlango ulifungwa kwa ndani. Onema alipiga mara tatu, akataja jina lake, kazi yake na mahakama yake. Mdundo ukakatika. Alingoja, akapiga tena, kisha akawapisha majandarma.

Ndani kulikuwa na vumbi la pumba lililoelea kama moshi, magunia ya mpunga hadi darini, na katikati, juu ya magogo, mashine. Injini yake ilikuwa imepakwa rangi nyeusi. Hamisi, mwanaume mzima mwenye mvi za kwanza, alikuwa amesimama na kitambaa mkononi.

"Mashini hii ni ya nani?"

"Ya mukubwa."

Onema alipiga goti. Mahali pa namba palikuwa pamesuguliwa hadi chuma kikang'aa. Alihamia nyuma, upande wa kushoto, akaukwaruza mguu kwa ufunguo wa baiskeli. Rangi nyeusi ilitoka, chini yake kijani, na chini ya kijani, mstari mnene wa shaba ya manjano, mahali mguu ulipoungwa.

"Abedi, unaona nini?"

"Shaba."

"Euphrasie?"

"Shaba. Na lile sahani limepinda. Njo yetu."

Onema alisimama, akafungua kitabu cha Célestin, akawasomea kwa sauti, mstari kwa mstari. Kisha akamgeukia Hamisi.

"Nyoosha mikono."

Hamisi alinyoosha, vidole vimejikunja kidogo. Kwenye dole gumba la kulia kovu lilikata mshazari, kutoka ukingo hadi ukingo.

"Ulikatwa na nini?"

"Mukanda. Mwaka wa kwanza wa kazi." Aliona wisie akitoa hati, akaona alama ya buluu, na uso wake ukabadilika. "Baba, miye nina watoto wane. Aliniambia, weka kidole hapa, ni karatasi ya mazuti. Sijui kusoma. Niliweka."

"Utayasema hayo mbele ya jaji?"

"Nikisema nitafungwa?"

"Sijui. Usiposema utafungwa wewe peke yako, hilo najua."

Hamisi alifuta mikono kwa kile kitambaa, akaketi juu ya gunia. "Nitasema," alisema.

Saa nne na nusu Kasimu Feruzi alifika, akihema, jembe la salongo likiwa bado safi mkononi. Aliitazama mashine, akatazama mguu uliokwaruzwa, akamtazama Hamisi aliyeinamisha kichwa. Wanawake walikuwa wameingia na kusimama mlangoni, mapanga yameshuka.

Hakupiga kelele. Aliongea na Onema kwa ile sauti laini, kisha akaona haitoshi, akamgeukia Mwanvua.

"Dada yangu. Sisi ni watu wa musikiti mumoja. Wazee wetu walitoka Kasongo pamoja. Kwa nini majandarma kati yetu? Mashini imezeeka, miye njo nimeitunza. Tukae. Tusikilizane upya, nusu kwenu, nusu kwangu. Citoyen Onema ataandika, sote tutatia sahihi, na leo leo mambo yataisha."

Onema alishusha kalamu. Sheria iliwapa haki ya kukubali, na yeye hakuwa na neno la kusema katika hilo. Mmoja wa wanawake alimtazama Mwanvua. Kipaza sauti kilikuwa kimenyamaza. Salongo ilikuwa imekwisha, na watu walikuwa wakianza kukusanyika nje.

Mwanvua aliweka panga lake ukutani.

"Kasimu, kusikilizana tulikwisha kusikilizana," alisema. "Miaka mine iliyopita. Leo tumekuja kubeba."

Akafunga kitambaa chake kiunoni, akaenda upande wa injini uliokuwa mzito, akainama. Euphrasie alichukua upande wa pili. Wengine waliingiza magogo chini, Abedi akaleta mkokoteni hadi mlangoni. Onema alitazama saa, akaandika kwenye karatasi ya mahakama: saa tano kasoro dakika kumi. Kisha, kwa vile sheria haikumkataza, alivua abakosti yake, akaitundika kwenye msumari, akashika kona iliyobaki.

"Moja," alisema Mwanvua. "Mbili."

Mashine ikaondoka chini.